Watu wa Pwani Kabla ya Majumba ya Mawe

Kigae kilichopo mezani kwangu kina upana wa vidole vitatu. Kimetoka kwenye bega la chungu, pale shingo inapokwisha na tumbo linapoanza kutanuka. Nje ni cha kahawia. Kwenye mvunjiko, katikati ni cheusi, kwa sababu chungu kilichomwa kwa kuni uwanjani na moto haukudumu vya kutosha kuuivisha udongo hadi ndani. Begani pana safu ya pembetatu, na kila pembetatu imejazwa mistari ya mshazari. Aliyeichora alitumia kijiti au mfupa wenye ncha. Kando ya kila mstari udongo umeinuka kidogo, na ukipitisha ukucha unausikia. Chungu hiki kilipikiwa Unguja miaka ipatayo 1,200 iliyopita, na masizi yake bado yapo.

Vigae vya aina hii vimeokotwa Lamu, kando ya Mto Tana, Tanga, Pemba, Mafia na Kilwa. Vinavyofanana navyo vimepatikana visiwani Komoro na hadi Chibuene kusini mwa Msumbiji. Havikukaa ufukweni tu: vipo hata Dakawa, mkoani Morogoro, mahali palipofuliwa chuma. Mtu akiniuliza ninafanya kazi gani, hujibu kwamba nawatafuta waliovifinyanga.

Mimi ni mwanaakiolojia wa pwani, na wakati ninaoushughulikia ni kati ya karne ya 7 na karne ya 10. Wenzetu wanaochimba Ulaya huuita mwanzo wa Zama za Kati. Kwetu ni wakati ambapo vijiji vya wavuvi, wakulima na wahunzi vilianza kukua hadi kuwa miji ya biashara. Ni wakati huo pia, kwa maelezo ya Derek Nurse na Thomas Spear katika kitabu chao cha mwaka 1985, ambapo Kiswahili kilikuwa kinajitenga na ndugu zake kama Kimijikenda na Kipokomo. Watu hao hawakutuachia barua wala tenzi. Waliishi katika nyumba za fito na udongo, zikaoza na kurudi ardhini. Ndiyo maana kwa miaka mingi hawakuhesabiwa.

Ukifika Kilwa Kisiwani, Gedi au Songo Mnara, macho yako yanakwenda moja kwa moja kwenye kuta za matumbawe, vibla vilivyochongwa na visima vilivyojengewa. Wachimbaji wa kwanza nao walivutwa na hayo. James Kirkman alianza kazi Gedi mwaka 1948, na Neville Chittick alichimba Kilwa katika miaka ya 1960. Fikra iliyotawala enzi zao ilikuwa kwamba miji hii ililetwa na wageni kutoka Uarabuni na Uajemi, nayo ikaanza siku yalipoanza mawe. Siwabezi. Kitabu cha Chittick kuhusu Kilwa, kilichotoka mwaka 1974 katika juzuu mbili, kiko kwenye rafu yangu na kimechakaa kwa kufunguliwa. Lakini ukimfuata mwenye jumba la mawe peke yake, unamkosa babu yake mzaa babu, aliyekaa palepale kwenye kibanda cha makuti.

Mwelekeo ulibadilika katika miaka ya 1980. Mark Horton alichimba Shanga, katika kisiwa cha Pate, akashuka chini ya magofu hadi kwenye mchanga ambao haujaguswa na mtu. George Abungu alifuatilia makazi ya kale kando ya Mto Tana, akionyesha kwamba historia ya miji ya Lamu haisomeki bila ya watu wa mtoni. Chuo Kikuu cha Dar es Salaam kilianza kufundisha akiolojia mwaka 1985, na kwa msaada wa Sweden wanafunzi wa Afrika Mashariki wakaenda kuandika tasnifu zao Uppsala. Felix Chami alichapisha yake mwaka 1994, juu ya pwani ya Tanzania katika miaka elfu ya kwanza baada ya Kristo. Abdurahman Juma alitoa yake mwaka 2004, kuhusu Unguja Ukuu. Kizazi changu kimesimama juu ya kazi hizo, hata pale tunapobishana nazo. Na ubishi upo wa kweli. Chami anavitambulisha vyungu hivi kwa pembetatu zake na kuviunganisha na wakulima wafua chuma waliotangulia pwani na nyuma ya pwani. Horton anaviita kwa jina la Mto Tana, na anatoa nafasi kubwa zaidi kwa wafugaji wa kaskazini. Mimi nimechimba upande wa kusini, na ushahidi ninaouona unaniegemeza kwa Chami, ingawa Lamu ni Lamu na nisingependa kuwasemea wanaochimba huko.

Nilikulia Pangani. Mwalimu wetu wa historia wa sekondari alitupeleka Tongoni, kusini ya mji wa Tanga, kuona magofu ya msikiti na yale makaburi yenye nguzo. Tulipomaliza kuandika tarehe za karne ya 14 na ya 15 kwenye madaftari, akatuuliza: "Sasa hawa waliojenga hapa, bibi na babu zao walikuwa wanakaa wapi?" Hakuna aliyejibu. Swali hilo nililibeba hadi Mlimani, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na mpaka leo sijaona lililo bora kulizidi.

Anayedhani chuoni utafundishwa kuchimba tu atashangaa. Utasoma historia, utasoma miamba na udongo, utasoma takwimu, utajifunza kuchora kwa mkono kipande cha mdomo wa chungu na kukadiria kutoka kwenye mpindo wake chungu kizima kilikuwa na upana gani. Utajifunza kutofautisha mfupa wa mbuzi na wa kondoo, jambo ambalo ni gumu kuliko linavyosikika. Utakwenda mafunzo ya uwandani kulala kwenye mahema au madarasa ya shule wakati wa likizo. Wanaobaki ni wale wanaoweza kukaa kimya mbele ya ukuta wa udongo kwa saa nzima wakiutazama.

Kuna makaratasi pia. Huwezi kuingia kijijini na jembe. Tanzania Bara ina Sheria ya Mambo ya Kale tangu mwaka 1964. Unahitaji leseni ya uchimbaji ya serikali na kibali cha utafiti cha Tume ya Sayansi na Teknolojia. Zanzibar ina idara yake ya makumbusho na mambo ya kale. Kenya ina Makumbusho ya Taifa na sheria ya mwaka 2006. Ukishapata mihuri yote, unaanza upya kwa mwenyekiti wa kijiji au sheha, kisha kwa mwenye shamba, kisha kwa wazee. Hawa wa mwisho ndio wenye neno.

Pwani ya Tanga, kila tunapofungua shimo, kunaenea habari kwamba tunatafuta mali waliyofukia Wajerumani wakati wa vita. Mzee mmoja mvuvi alikuja siku tatu mfululizo, akakaa kwenye kivuli cha mwembe bila kusema kitu. Siku iliyofuata akanisogelea.

"Mama, tuambie kweli. Ile mali ya Mjerumani mmeshaiona?"

"Shikamoo baba. Tumeona mifupa ya samaki."

"Marahaba. Samaki gani?"

Nikamletea sinia. Akainama, akachambua kwa kidole, akatoa kipande kilichopangika meno madogo kama vigae vya paa. "Hili taya la pono," akasema. "Lile la kooni. Na huyu ni changu. Huyu tasi, tena mdogo, hawa walivua kwa madema." Katika maabara, kazi hiyo tungeifanya kwa kulinganisha na mifupa ya samaki wa leo iliyohifadhiwa, na tungechukua wiki. Tuliilinganisha baadaye, na alikuwa sahihi. Kuanzia siku hiyo akawa mtu wetu wa kuchambua samaki, akalipwa kama fundi, na habari za mali ya Mjerumani zikapungua.

Samaki wale wanasema mengi. Pono, changu na tasi ni wa mwambani na majani ya baharini. Hupatikana karibu, kwa dema, uzio au mshipi. Makazi ya mwanzo ya pwani yana samaki wa namna hiyo kwa wingi, na pamoja nao kasa na nguva. Papa na samaki wa maji makuu wanaongezeka baadaye. Huko Kenya, Nina Mudida wa Makumbusho ya Taifa aliifanya kazi hii kwa mifupa ya Shanga. Kwa hiyo ukiambiwa Mswahili ni mtu wa bahari, ujue ubaharia huo ulijengwa hatua kwa hatua, ukianzia pale maji yanapofika kiunoni.

Nieleze sasa tunavyochimba, kwa kuwa filamu zimewapotosha wengi. Shimo la kawaida ni mita 2 kwa 2. Unapiga vigingi, unafunga kamba, unapima kwa timazi na pima maji. Chombo chetu kikuu ni mwiko wa fundi muashi, ulionolewa kingo zake. Hatuchomi chini; tunakwangua ubapa, udongo mwembamba kwa mara moja, na macho yanafuata rangi. Udongo ukigeuka kutoka kijivu kwenda kahawia, unasimama. Unaandika, unapiga picha, unachora, ndipo unaendelea. Kila ndoo inayotoka inapita kwenye chekeche la matundu ya milimita 5, na kila kinachobaki kinaingia mfukoni na lebo yenye namba ya shimo na ya tabaka. Kigae kisicho na lebo ni kifusi.

Nyumba ya karne ya 8 huioni kama nyumba. Unaona duara la udongo mweusi, laini kuliko udongo unaolizunguka, lenye upana wa kiganja. Hilo ni tundu la nguzo: nguzo ilioza, tundu likajazwa na taka za juu. Ukipata la pili na la tatu kwenye mstari mmoja, unaanza kuona ukuta. Karibu yake utapata sakafu, udongo mwekundu uliopigwa ukawa mgumu, na juu yake majivu. Ikiwa nyumba iliungua, ni msiba kwao na bahati kwetu, kwa sababu udongo wa kukandikia uliungua pamoja nayo na kuwa kama tofali. Nimeshika mabonge ambayo upande mmoja yana mifereji ya fito, na upande wa pili yana alama za vidole vya aliyekandika. Ukiweka vidole vyako pale vinaingia. Vilikuwa vidole vyembamba. Pwani yetu wanawake na watoto bado hukandika, na nyumba hiyo nadhani ilikandikwa na mmoja wao.

Baada ya uchimbaji ndipo kazi inapoanza. Mwezi mmoja wa kuchimba hukupa mwaka mzima wa kuosha, kuandika namba, kupanga, kupima na kuchora. Ni hapa ambapo wanafunzi wengi hukata tamaa, na ni hapa ninapopapenda zaidi. Katika makazi ya wakati huu, ukihesabu vigae mia moja, vya ng'ambo mara nyingi havifiki kumi. Vilivyobaki vyote vimefinyangwa hapa hapa. Vitabu vya zamani vilitumia kurasa nyingi kwa vile vichache, kwa kuwa vina rangi na vina tarehe. Mimi nimeamua kuyatoa maisha yangu ya kazi kwa vile vingi.

Nilipotaka kuvielewa nilikwenda kwa bibi mmoja mfinyanzi wa Unguja, anayejenga vyungu kwa mkono bila gurudumu, akikwangua kwa kipande cha kifuu na kulainisha kwa kombe. Nilimpa kigae kama kile nilichokieleza mwanzo. Alikigeuza, akakipitishia kidole, akasema: "Huyu alichora udongo bado mbichi, mwanangu. Angengoja kidogo ukakauka, mstari ungetoka safi. Na mchanga kautia mwingi, ili kisipasuke motoni." Kisha akauliza kama nina kingine cha mtu yuleyule. Sikuwa nimewahi kufikiria hivyo, kwamba ndani ya mfuko mmoja wa vigae kunaweza kuwa na mikono ya watu watano au sita, kila mmoja na haraka yake na upole wake. Tangu hapo ninapopanga vigae naangalia pia kama mstari ulichorwa kwenye udongo mbichi au ulioanza kukauka. Huu ni uchunguzi alionifundisha yeye, na katika ripoti nimeuandika hivyo.

Chungu kinakuambia kilipikwaje. Mbegu inakuambia kilipikwa nini. Zamani tuliupoteza ushahidi huu wote kwenye matundu ya chekeche. Siku hizi tunamimina udongo kwenye pipa la maji, tunaukoroga polepole, na mbegu zilizoungua zinaelea; tunazikinga kwa kitambaa chembamba na kuzianika kivulini. Uwele, mtama, ubuyu: hivyo ndivyo vyakula vya Kiafrika vinavyotokea kwenye makazi ya mwanzo. Huko Tumbe, kaskazini mwa Pemba, makazi ya karne ya 7 hadi ya 10 yaliyochimbwa na Adria LaViolette na Jeffrey Fleisher, nafaka iliyotawala ni uwele. Sarah Walshaw, aliyezichambua mbegu hizo, aliona kwamba Chwaka, mji wa karibu uliokuja baadaye, ulikuwa umegeukia mchele. Pilau na wali wa nazi, tunavyoviona kuwa ndio upwani wenyewe, vina mwanzo wake, na kabla yavyo palikuwa na uji na ugali wa uwele. Komoro ni habari nyingine. Kule, utafiti ulioongozwa na Alison Crowther na kuchapishwa mwaka 2016 ulikuta mpunga na choroko mapema, tangu karne ya 8 hadi ya 10, mazao yaliyofika na watu wa asili ya visiwa vya Asia ya kusini-mashariki.

Kuku naye ni mgeni. Mary Prendergast na wenzake walichunguza mifupa ya pwani na visiwani, wakaonyesha mwaka 2017 kwamba kuku na panya mweusi wa majumbani wanaanza kuonekana kwa uhakika kwenye karne ya 7 na ya 8. Wote wawili wana asili ya Asia. Kuku alibebwa kwa kutakiwa. Panya alijificha kwenye shehena. Mfupa mdogo wa paja la panya, usiozidi urefu wa kijiti cha kiberiti, ni ushahidi wa chombo kilichotia nanga, hata kama hakuna nahodha aliyeandika.

Biashara hiyo ilikuwa kubwa. Pale Unguja Ukuu, kwenye Ghuba ya Menai, tunapata vipande vya mitungi minene yenye mng'ao wa rangi ya feruzi kutoka Iraki na Uajemi, bakuli za Changsha kutoka China, na shanga za kioo za Asia. Mwaka 1998, karibu na kisiwa cha Belitung huko Indonesia, iligunduliwa merikebu iliyozama miaka ya 830 hivi ikiwa na vyombo vya China vipatavyo 60,000, vingi vyake vya Changsha, na bakuli moja lina tarehe ya mwaka 826. Mbao zake zilikuwa zimeshonwa kwa kamba, kama mitepe ya Lamu. Bakuli za aina iliyokuwa ndani ya merikebu hiyo ndizo tunazookota Unguja.

Nasi tulitoa. Al-Masudi, mwandishi wa Baghdad aliyesafiri kutoka kisiwa alichokiita Kanbalu, upande huu wa bahari, hadi Oman mwaka 916, aliandika kwamba pembe za ndovu za huku zilipelekwa Oman, na kutoka huko India na China. Zilifika mbali zaidi ya hapo, tena kabla yake. Huko Scremby, mashariki mwa Uingereza, wachimbaji walikuta makaburi ya karne ya 5 na ya 6 ambamo wanawake walizikwa na mifuko iliyoshikiliwa na duara la pembe. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 2023 ulionyesha kwamba ni pembe za ndovu wa Afrika, na kemikali zake zinaelekeza kwenye ardhi ya volkeno kama ya Bonde la Ufa la Afrika Mashariki. Wanaochunguza mwanzo wa Zama za Kati kule Uingereza na sisi wa huku tunashughulikia dunia moja. Nilipoisoma taarifa hiyo niliisoma mara mbili, kisha nikawaita wanafunzi wangu.

Lakini tusiyatupe macho baharini tu. Tumbe imetoa kwa wingi usio wa kawaida vigae vilivyochimbika vijifereji. Ni vya kusagia: mtu alivunja kombe, akatoboa vipande, akavisugua kwenye vijifereji hivyo hadi vikawa shanga za duara. Karibu kila nyumba ilifanya kazi hiyo. Walikuwa na shanga za kioo kutoka ng'ambo, na bado wakakaa jioni kusugua za kwao.

Tunajuaje miaka? Mkaa na mbegu zina kaboni ya aina inayopungua kwa mwendo unaojulikana. Nusu yake hupotea kwa miaka 5,730. Willard Libby alitoa tarehe za kwanza kwa njia hii mwishoni mwa miaka ya 1940. Lazima uchague vizuri cha kupima. Mkaa wa kiini cha mti mkubwa utakupa umri wa mti, wala hautakuambia siku moto ulipowashwa. Kombe la baharini huonekana kuwa la zamani kuliko lilivyo, kwa sababu maji ya bahari yana kaboni iliyozeeka. Mbegu moja ya uwele, iliyoota na kuvunwa mwaka mmoja, ndiyo shahidi bora. Tunaituma maabara ya nje na kulipa kwa fedha za kigeni, na ndiyo maana mwanaakiolojia wa huku anajua bei ya dola kama mfanyabiashara.

Swali ambalo huulizwa kila ninapozungumza na wazee ni la dini na asili. Huko Shanga, chini ya msikiti wa mawe, Horton alikuta msikiti wa miti na udongo, na chini yake mwingine, hadi wa kwanza kabisa wa karne ya 8, mdogo sana. Waislamu walikuwa hapa tangu mapema hivyo, wakisali katika nyumba iliyojengwa kama nyumba za majirani zao. Ni baadaye, kuanzia karne ya 10, ndipo mafundi walipoanza kukata matumbawe chini ya maji, yakiwa bado laini, na kuyaacha yakauke yawe magumu.

Kuhusu Washirazi, ambao masimulizi yanasema walitoka Uajemi, mwaka 2023 ulitoka utafiti wa vinasaba vya watu 80 waliozikwa katika miji ya kale ya pwani na mmoja wa bara, wa kuanzia mwaka 1250 hivi. Chapurukha Kusimba alikuwa miongoni mwa waliouongoza. Ulionyesha kwamba mchanganyiko wa Waafrika na Waajemi ulianza karibu na mwaka 1000, na kwamba upande wa Afrika uliingia hasa kwa akina mama, wa Uajemi kwa akina baba. Wapo walioushangilia kwamba hadithi ya Shirazi imethibitika, wapo waliokasirika. Mimi nakumbusha jambo moja: kufikia mwaka 1000 Unguja Ukuu ilikuwa na umri wa karne tatu na zaidi. Wale mabwana walipooa, walioa katika mji wa watu, wenye lugha yake, vyungu vyake na chakula chake, na watoto wao wakakisema Kiswahili cha mama zao. Wazee wanaosimulia habari za Shirazi hawasemi uongo. Wanasimulia upande wa baba.

Makaburi ya wakati ninaouchunguza sijayatafuta. Tukikuta mfupa wa mtu bila kutarajia, tunasimama, tunawaita wazee na imamu wa pale, na uamuzi wao ndio tunaoufuata. Nimewahi kufunika shimo lililokuwa na mengi ya kuniambia. Ni sawa. Kijiji ambacho hakikuamini leo hakitakuita kesho mtoto wake akiokota sarafu.

Wazazi huniuliza kama kazi hii inalisha. Nafasi za chuoni na za makumbusho ni chache na hugombewa. Wengi niliosoma nao wamepata riziki kwenye tathmini za athari kwa mazingira, ambazo sheria ya mwaka 2004 inazitaka kabla ya miradi mikubwa: unatembea mbele ya barabara au bomba kabla ya tingatinga, ukiangalia kilichopo ardhini. Ni kazi ya heshima. Lakini tathmini ikicheleweshwa au ikapuuzwa, kinachopotea hakirudi. Kwenye ufukwe mmoja niliofanyia kazi, mkandarasi alisawazisha uwanja wa hoteli wiki moja kabla ya timu yetu kufika. Tulikuta lundo la mchanga mweusi limejaa vigae vya pembetatu, vya karne zote vikiwa vimekorogwa pamoja. Bahari nayo inakula. Miji ya kale ilipenda fukwe, na ufukwe unapomeguka unakwenda na sakafu za watu.

Ninachokitaka kukijua kabla sijastaafu ni kilichotokea katika karne ya 10. Watu wa Tumbe waliondoka. Jirani yake, karne iliyofuata, ikaanza Chwaka, yenye msikiti wa mawe, mchele na vyungu vya mtindo mwingine. Unguja Ukuu nayo ilififia karibu na wakati huohuo. Je, ni watu walewale waliobadilisha maisha, au ukoo mmoja ulishindwa na mwingine? Jibu liko kwenye tabaka nyembamba kati ya uwele na mchele, ambazo bado hazijachimbwa vya kutosha, na nyingi ziko kwenye mashamba ya mihogo na viwanja vya watu wa kawaida.

Kwa hiyo, ewe unayechimba msingi wa nyumba, kisima au shimo la choo karibu na pwani, ukikuta udongo umegeuka mweusi na una vigae vyenye pembetatu, simama kidogo. Usivioshe. Vipige picha vikiwa palepale, pamoja na sarafu au kalamu ili ukubwa ujulikane. Pima kwa kamba kutoka usawa wa ardhi hadi vilipo, uandike kipimo hicho, kisha toa habari ofisi ya mambo ya kale au makumbusho iliyo karibu nawe. Usiache kipimo cha kina, hata kama kamera haipo. Picha tunaweza kuja kuipiga wenyewe, lakini kigae kikishatolewa bila kipimo, hakuna maabara itakayotuambia kilikuwa juu ya sakafu au chini yake.